Kinyozi Hajinyoi: Uhakiki wa Kesi ya Karama katika Kusadikika



Jioni moja baada ya sala ya alasiri nilikuwa nimekaa kwa kinyozi huku Kariakoo, si mbali na Mtaa wa Sikukuu, nikingoja zamu yangu. Walionitangulia walikuwa wazee wawili na kijana mmoja anayesoma hesabu Chuo Kikuu. Kinyozi mwenyewe nywele zilikuwa zimemjaa hata zimeanza kumfunika masikio. Mzee mmoja akamtania, "Fundi, sisi watukata wewe. Wewe je, nani atakukata?" Kinyozi akamjibu kwa methali ambayo sote tumelelewa nayo: "Kinyozi hajinyoi, mzee wangu, na akijinyoa hujikata." Watu wakacheka.

Yule kijana hakucheka. Akasema, "Samahani, mzee wangu, lakini methali hiyo ina hesabu nzito ndani yake. Chukulia upo mji wenye kinyozi mmoja tu, na kazi yake ni kuwanyoa wale wote wasiojinyoa wenyewe, na hao peke yao. Je, yeye hujinyoa? Tukisema anajinyoa, basi hamo katika wale anaowanyoa, kwa hiyo hajinyoi. Tukisema hajinyoi, basi yumo katika wasiojinyoa, kwa hiyo hana budi ajinyoe."

Wazee wakatazamana. Kijana akaona amepata wasikilizaji, akaendelea. Alisema kwamba wataalamu wana kipimo cha joto la mwili, kipimo cha mtetemeko wa ardhi na kipimo cha shinikizo la damu. Kwa nini basi pasiwe na kipimo cha kisayansi cha mafundo ya namna hii? Alikuwa ameshakifikiria: sifuri kwa jambo lisilo na fundo lolote, na mia kwa jambo lililojifunga lenyewe hata halifunguki. Kila kitu kinachojisemea chenyewe kingepimwa: sheria inayojieleza, baraza linalojihukumu, hata nyumba ya mtu.

Yule mzee mtani akamwuliza kwa upole, "Na kipimo chako hicho, mwanangu, kitapimwa kwa nini?" Kijana akanyamaza. Zamu yangu ikafika.

Swali hilo la mzee lilinifuata mpaka nyumbani, na usiku nikajikuta nimeshika kitabu cha Kusadikika cha marehemu Sheikh Shaaban Robert, ambacho nilikuwa sijakifungua tangu utotoni. Nikakisoma upya kwa jicho la yule kijana, na ndipo nikaona kwamba kitabu hiki, ambacho wengi wetu tulifundishwa kukiona kama hadithi ya nchi dhalimu tu, kina fundo la kinyozi katikati yake, na tena kina kitu kinachofanana sana na kipimo alichokitamani kijana. Hayo ndiyo nitakayo kuyaeleza hapa, na mwishoni nitasema mahali ambapo, kwa maoni yangu, mwandishi mwenyewe alijikata.

MZIZI KIZIWI

Kwanza tusidhani kwamba mafundo haya ni mageni kwetu, yaliyoletwa na vitabu vya Kizungu. Mtu anaposema, "Maneno yangu haya ni ya uwongo," na asiseme jingine, tumwambieje? Tukimsadiki, tumekubali kwamba ni mwongo. Tukimkadhibisha, tumekubali kwamba amesema kweli. Wanazuoni wa Kiislamu walilijua jambo hili na wakalishughulikia kwa karne nyingi. Nasir al-Din al-Tusi, aliyefariki mwaka 1274, aliliandikia. Katika karne ya 14, Saad al-Din al-Taftazani alilipa jina la al-jadhr al-asamm, yaani mzizi kiziwi. Jina hilo limetolewa katika hesabu. Ukitafuta mzizi wa 4 utapata 2, umekwisha. Ukitafuta mzizi wa 2 utahesabu maisha yako yote na hautakamilika. Ni kama kumwita mtu aliye kiziwi: waita, waita, wala huitikiwi.

Katika karne ya 15, huko Shiraz, Jalal al-Din al-Dawani na Sadr al-Din al-Dashtaki waliandika risala kujibizana juu ya fundo hilo hilo. Kwa ufupi, Dawani aliona kwamba maneno ya yule msemaji si khabari hata kidogo, kwa sababu khabari haina budi iwe inaeleza kitu kilicho nje yake. Maneno yasiyo na kitu nje ya nafsi yake hayawezi kuitwa kweli wala uwongo. Tulishike neno hili, kwa maana tutalihitaji tutakapofika mbele ya mfalme wa Kusadikika.

Huko Ulaya, Mwingereza Bertrand Russell aligundua mwaka 1901 fundo katika misingi ya hesabu, na ndilo ambalo baadaye lilikuja kuelezwa kwa mfano wa kinyozi. Mwaka 1931 Kurt Gödel, aliyekuwa kijana wa miaka 25 hivi huko Vienna, alithibitisha kwamba mfumo wowote wa hesabu wenye nguvu ya kutosha, na usiojipinga, utakuwa na kweli ambazo hauwezi kuzithibitisha. Tena hauwezi, kwa njia zake wenyewe, kuthibitisha kwamba haujipingi. Bibi zetu hawakusoma hesabu ya Gödel, lakini walisema mganga hajigangi.

MIZANI HAIJIPIMI

Tuirudie Kariakoo, maana hapa jambo hili hununuliwa na kuuzwa kila siku. Miaka kadhaa iliyopita nilinunua maharage kilo tano kwa mfanyabiashara mmoja. Nyumbani mke wangu akayatilia shaka, akayapima, yakawa yamepungua robo. Nikayabeba nikarudi nayo. Muuzaji hakukasirika wala hakubisha. Aliyachukua, akayaweka juu ya mizani yake ile ile, nayo ikasoma tano kamili. Akaniambia kwa adabu, "Mzee wangu, si unaona mwenyewe?"

Kweli nilikuwa naona. Lakini nilichokuwa nakiona ni mizani ikijitolea ushahidi. Angeyapima mara mia, ingesoma tano mara mia, na mara zote hizo mia zisingeongeza hata chembe ya ushahidi. Mambo yalikwisha pale muuza nazi wa jirani alipotuazima mizani yake, na ile robo ikaonekana haipo. Yule muuzaji akanijazia, na mpaka leo sijui kama alikuwa amekusudia kunipunja au mizani yake ilikuwa imemdanganya hata yeye. Huenda lililo kubwa ni hili la pili. Mtu aliyepimia mizani mbovu kwa muda mrefu, bila kuilinganisha na nyingine, huacha kuwa mdanganyifu akawa mdanganywa.

Wazee wetu walipima kwa kibaba na pishi, vibaba vinne pishi moja, na nguo walipima kwa dhiraa, yaani tangu kiwiko mpaka ncha ya kidole. Dhiraa ya nani? Ya muuzaji mwenye mkono mfupi, au ya mnunuzi mwenye mkono mrefu? Kila mmoja alikuwa na sababu ya kuutaka mkono wake. Ndiyo maana nchi zikaweka vipimo vya umma. Kwetu Tanzania ipo Sheria ya Vipimo ya mwaka 1982, na tangu mwaka 2002 upo Wakala wa Vipimo. Mkaguzi anapokwenda sokoni huja na mawe yake mwenyewe. Haiulizi mizani habari zake.

Lakini mawe ya mkaguzi nayo yalipimwa kwa nini? Ukipanda ngazi hiyo, zamani ungefika katika chumba kimoja karibu na Paris, ambako tangu mwaka 1889 kilihifadhiwa kipande cha madini kilichokuwa ndicho kilo yenyewe. Kilifungwa kwa funguo tatu, kila ufunguo kwa mtu wake. Kila kilo duniani ilikuwa kilo kwa sababu imelingana nacho, kwa hiyo chenyewe kisingeweza kamwe kusemwa kimepungua. Hata hivyo, kilipotolewa na kulinganishwa na nakala zake, wataalamu waliona tofauti ya kama sehemu 50 za milioni moja ya gramu. Nani amebadilika, baba au watoto? Kwa mujibu wa kanuni, baba hawezi kukosea. Wataalamu wakaona aibu ya jambo hilo, na tarehe 20 Mei 2019 wakakivua kipande kile cheo chake, wakaifunga kilo na kanuni moja ya maumbile ambayo haikai kabatini kwa mtu yeyote.

Basi kijana wetu ajue kwamba swali la mzee halikuwa mzaha. Kipimo cha mafundo chaweza kupima vingine. Hakiwezi kujitolea cheti chenyewe.

KESI YA KARAMA

Sasa tuingie Kusadikika. Kitabu kilitoka mwaka 1951. Shaaban Robert, aliyezaliwa Vibambani, Tanga, mwaka 1909, alikuwa wakati huo karani katika serikali ya kikoloni, na Tanganyika ilikuwa chini ya udhamini wa Waingereza. Nchi anayoieleza inaelea angani, haina mahali katika ramani. Jina lake latokana na kusadiki: ni nchi ambayo kusimama kwake ni kule kusadikiwa kwake.

Katika nchi hiyo mtu mmoja, jina lake Karama, anashitakiwa mbele ya mfalme na baraza lake. Mshitaki ni waziri Majivuno. Kosa ni nini? Ni kufundisha uanasheria, elimu ambayo Kusadikika haikuwa nayo, yaani elimu ya mtu kuuliza sababu, kudai haki yake na kujitetea kwa hoja. Mfalme anamruhusu mshitakiwa ajitetee.

Simama hapo, msomaji, kabla hujafungua ukurasa unaofuata. Karama atajiteteaje? Akijitetea vizuri, kwa hoja zilizopangika, amethibitisha mbele ya macho ya watu wote kwamba anayo ile elimu aliyoshitakiwa kwayo. Akijitetea vibaya, atahukumiwa kwa kushindwa. Akinyamaza, atahukumiwa kwa kunyamaza. Kila mlango anaoushika unamrudisha ndani. Huyu ni kinyozi wa yule kijana, tofauti ni kwamba hapa shingo ya mtu imo chini ya wembe.

Wala hakufungwa na fundo hilo peke yake. Tazama na upande wa baraza. Majivuno anapiga marufuku uanasheria, na njia anayoitumia ni kuleta shitaka, kutaja kosa, kudai ushahidi na kuomba hukumu. Huo ni uanasheria. Ikiwa elimu hiyo ni sumu, basi baraza zima linainywa asubuhi hiyo. Ikiwa ni halali kwa baraza kuitumia, Karama amekosa nini kwa kuifundisha? Baraza la Kusadikika haliwezi kumhukumu Karama bila kujihukumu, wala haliwezi kumsikiliza bila kukubali kwamba elimu yake ina maana. Nimesoma kitabu hiki utotoni na sikuliona hili hata mara moja. Nilikuwa nikimwonea huruma Karama, sikujua kwamba mahakimu wake nao wamefungwa kamba ile ile.

Karama anatokaje? Hapa ndipo ninapomvulia kofia mwandishi. Karama hasimami akajisifu kwamba yeye ni mwema. Angefanya hivyo, angekuwa muuza maharage anayeyarudisha maharage juu ya mizani yake. Badala yake, siku baada ya siku, anasimulia habari za wajumbe sita ambao Kusadikika iliwahi kuwatuma nje: mashariki, magharibi, kaskazini, kusini, mbinguni na ardhini. Majina yao ni Buruhani, Fadhili, Kabuli, Auni, Ridhaa na Amini. Kila mmoja alipata tabu njiani, akaona namna wenzetu wa huko wanavyotengeneza maisha yao, akarudi na jambo la kuifaa nchi. Na kila mmoja alilipwa kifungo.

Kumbuka neno la Dawani: khabari haina budi iwe na kitu nje yake. Maneno ya Kusadikika juu ya Kusadikika hayakuwa khabari. Yalikuwa mzizi kiziwi, nchi ikijiita na kujiitikia. Wajumbe sita ndio waliokuja na khabari ya kweli, maana walikwenda nje wakaona. Ndio mizani ya muuza nazi. Nao walifungwa kwa sababu hiyo hasa, kwamba walipowekwa karibu na mizani ya nyumbani, robo ilionekana haipo.

Yatazame na majina. Buruhani ni hoja iliyo wazi. Auni ni msaada. Nchi iliyomtia gerezani Buruhani inamtaka Karama alete ushahidi! Ataupata wapi, ikiwa ushahidi mwenyewe u katika minyororo kwa amri ya wale wanaoudai? Sijui kama kuna mahali pengine katika maandishi yetu ya Kiswahili ambapo mateso ya mtu anayehukumiwa na wenye kesi yameelezwa kwa ufupi kama huo, kwa jina moja tu.

Na hapa ndipo nilipomkumbuka yule kijana. Alitaka namba, na namba imo kitabuni. Usiiulize nchi, au baraza, au nyumba, inajionaje, kwa kuwa jibu utalijua kabla hujauliza. Uliza hivi: katika wajumbe waliokwenda nje wakarudi na habari isiyopendeza, ni wangapi walisikilizwa na ni wangapi walifungwa? Kusadikika ilifunga sita kati ya sita. Ningekuwa na kile kipimo cha kijana, mshale wake ungegonga mia.

MAHALI MWANDISHI ALIPOJIKATA

Hata hivyo, mhakiki anayesifu tu naye amekuwa mizani mbovu. Ninazo kasoro mbili za kutaja.

Ya kwanza ni ya majina hayo hayo niliyoyasifu. Majivuno ni majivuno tangu siku anayopewa jina, na Karama ni karama. Kabla waziri hajafungua kinywa, msomaji ameshaambiwa amchukie. Kitabu kinacholalamikia baraza lililokwisha kuamua kabla ya kusikiliza, chenyewe kimekwisha kuamua kabla ya kusikiliza. Wazee walisema mwamba ngoma ngozi huivutia kwake. Ningependa kumwona Majivuno akipewa hofu ya kweli. Mathalani, aseme kwamba nchi ambayo kila mtu anadai haki na hapana anayetaja wajibu huvunjika. Hofu hiyo ipo duniani na wenye akili wanayo. Lau Karama angemjibu mtu wa namna hiyo, ushindi wake ungekuwa na uzito zaidi.

Ya pili ni ya mwisho wa kitabu. Karama anaachiwa, na wale wajumbe wanafunguliwa. Twafurahi. Lakini ni nani aliyefungua mlango? Ni mfalme yule yule, kwa amri yake, kama vile ulivyofungwa kwa amri yake. Hakuna jambo lililowekwa kumzuia mfalme mwingine, kesho, asiufunge tena. Fundo halikufunguliwa, lilikatwa kwa huruma. Wanaosema kwamba kitabu ni fumbo juu ya utawala wa Waingereza wamesema kweli, lakini si yote. Kama maana yake ingekuwa hiyo tu, kitabu kingezikwa pamoja na ukoloni mwaka 1961. Kimeendelea kusomwa mashuleni kwa sababu watoto na walimu wao wanamjua Majivuno kwa sura, na si sura ya Mwingereza.

Nimtetee mwandishi kidogo. Karani wa serikali anayeandika mwaka 1951 asingeweza kumwondoa mfalme katika kiti, na kama angefanya hivyo tusingekisoma kitabu. Naye alikuwa kama Karama wake: amekaa ndani ya baraza analolihakiki, akila mshahara wake. Alifariki mwaka 1962, miezi michache tu baada ya Uhuru, na leo mtaa uliopewa jina lake, hapa mjini kati, ndio ulipo mlango wa Makumbusho ya Taifa. Tena liko jambo jingine katika mwisho ule, nalo ndilo lililonigusa zaidi. Kuwafungua wafungwa sita ni kukiri. Mfalme anayefungua mlango anasema, hata kama hatamki, kwamba kuufunga kulikuwa dhuluma.

UKIRI NA DAI

Hapa, ndugu msomaji, yatupasa tuangalie hekima iliyomo katika sheria yetu ya Kiislamu, ambayo kila kadhi anaijua. Mtu akisema mbele ya kadhi, "Fulani ananidai shilingi elfu kumi," neno lake linachukuliwa na linamlazimu. Akisema, "Mimi namdai fulani shilingi elfu kumi," neno lake halitoshi, hana budi alete ushahidi. Msemaji ni yule yule, kinywa ni kile kile, na mara zote mbili anajisemea nafsi yake. Tofauti ni moja: la kwanza linamgharimu, la pili linamfaidi. La kwanza huitwa ukiri, la pili huitwa dai.

Kwa hiyo si kweli kwamba kila anayejisemea amejifunga fundo. Anayejifunga ni yule anayejishuhudia kwa faida yake na akataka sisi tusitake shahidi mwingine. Katika Suratun-Nisaa, aya ya 135, waumini wameamrishwa wasimamishe uadilifu na watoe ushahidi kwa ajili ya Mwenyezi Mungu, hata ikiwa ni juu ya nafsi zao wenyewe, au wazazi wao, au jamaa zao. Nafsi imetangulizwa. Na Suratul-Mutaffifin imewaonya wale ambao wakijipimia hutaka kipimo kitimie na wakiwapimia wengine hupunguza, yaani watu wa mizani mbili. Tena katika Suratur-Rahman mizani imetajwa papo hapo ilipotajwa mbingu na kuinuliwa kwake, kana kwamba twaambiwa kuwa mizani ya haki haikutengenezewa dukani kwa mtu yeyote kati yetu.

Sasa turudi majumbani kwetu, maana si kazi kubwa kumcheka Majivuno wa angani. Baba anayesema, "Katika nyumba hii neno langu ni la mwisho, na mimi sijawahi kumwonea mtu," ameleta mizani gani? Ameuliza nani? Ile kamati inayokusanya michango ya watu, ikajikagulia hesabu zake yenyewe na ikasimama mbele ya jamaa ikatangaza kwamba haikuona kasoro, haikutuambia uwongo huenda, lakini haikutupa khabari. Mama mkwe anayejua kwamba wakeze wanawe wote wanne ni wabaya, hebu ahesabu: wanne kati ya wanne.

Na wajumbe tunao. Binti aliyeolewa mbali akarudi kuwasalimu wazazi, akasema, "Mama, kule kwa wenzetu watoto wa kike husomeshwa mpaka mwisho," huyo ni mjumbe. Kijana aliyerudi kutoka shule akasema, "Baba, hesabu ya dukani haijakaa sawa," ni mjumbe. Jirani anayekuja faraghani, kwa heshima, akakwambia kwamba mwanao ameonekana mahali pasipomfaa, ni mjumbe. Twawapokeaje? Huyu twamwambia amekosa adabu, yule ameharibiwa na vitabu, na huyu wa tatu ana kijicho. Kila jawabu la namna hiyo ni kufuli. Halafu siku ya siku nyumba ikifikwa na jambo twauliza kwa uchungu, "Mbona hapana aliyetuambia?" Waliotuambia tumewafunga wenyewe.

Simaanishi kwamba kila mjumbe asema kweli. Wapo wachonganishi, na mizani ya jirani nayo yaweza kuwa mbovu. Ndiyo sababu Karama hakuleta mjumbe mmoja, alileta sita, tena kutoka pande sita zisizojuana. Wakija watu watatu wasiofahamiana wakakuambia robo haipo, acha kuibishia mizani yao, kaitazame yako.

Nilipokuwa nainuka kitini siku ile nywele zangu zimekwisha, nilimwona kinyozi wa duka la pili akiingia na mkasi wake. Walikuwa na mapatano yao ya siku nyingi: huyu humnyoa yule, na yule humnyoa huyu. Kinyozi wetu akakaa kwenye kiti chake mwenyewe, akafungwa kitambaa shingoni, akainamisha kichwa. Yule kijana wa hesabu alikuwa bado yupo, anatazama.

Wallahu aalam.